Mhusika Msaidizi kama Mhimili: Uigizaji wa Lupita Nyong'o katika Filamu

1.0 Utangulizi

Katika uhakiki wa tamthilia ya Kiswahili, mhusika msaidizi kwa kawaida hutajwa mwishoni, baada ya mhusika mkuu kuchambuliwa kwa kina. Hutengewa aya moja, huitwa bapa, na mjadala hufungwa. Kazi zenyewe hazikubaliani na desturi hii. Katika Kinjeketile (1969) ya Ebrahim Hussein, Bi. Kinjeketile na Bi. Kitunda ndio wanaoidhihirishia hadhira dhiki ya kijiji, hata vita vinapozuka sababu zake zimekwisha kueleweka. Hali kadhalika, katika Vitimbi ya televisheni ya taifa nchini Kenya, ucheshi wa Mzee Ojwang' (Benson Wanjau, aliyefariki mwaka 2015) ulimtegemea Mama Kayai (Mary Khavere), ambaye kwa miaka mingi alimjibu, akamkemea na kumrudisha duniani.

Makala haya yanachunguza suala hilo kwa kurejelea uigizaji wa Lupita Nyong'o, aliyezaliwa nchini Mexico mwaka 1983, na ambaye chimbuko la ukoo wake upande wa baba ni Ratta katika eneo la Seme, ambalo makao yake makuu ni Kombewa, magharibi mwa Kisumu. Ushindi wake umeshangiliwa sana nyumbani. Uigizaji wenyewe haujahakikiwa kwa kiwango hicho. Hoja inayojengwa hapa ni kwamba mhusika msaidizi hubeba yale ambayo safari ya mhusika mkuu huyaacha nyuma, na kwamba thamani yake ipimwe kwa dhima wala si kwa muda anaoonekana.

2.0 Patsey: anayeachwa nyuma

Filamu ya 12 Years a Slave (2013), iliyoongozwa na Steve McQueen, inatokana na kumbukumbu za Solomon Northup zilizochapishwa mwaka 1853. Msuko wake ni wa mtu huru anayetekwa, akauzwa utumwani na hatimaye akakombolewa. Kama filamu ingemfuata Solomon peke yake, mtazamaji angetoka amefarijika. Patsey ndiye anayeizuia faraja hiyo.

Patsey huchuma pamba nyingi kuliko wanaume shambani, lakini bidii hiyo haimkingi na chochote. Anapokwenda shamba jirani kutafuta kipande cha sabuni, anafungwa na kuchapwa mijeledi, na Solomon mwenyewe analazimishwa kuishika mijeledi hiyo. Nyong'o haigizi tukio hili kama mtu anayeomba kuhurumiwa. Kabla ya kipigo anajieleza kwa hasira ya mtu mwenye haki: anachodai ni kuwa safi tu. Utu wake unathibitishwa na dai hilo dogo kuliko na machozi. Solomon anapoondoka, Patsey anabaki. Ukombozi wa mmoja unadhihirisha utumwa wa wengine, na ufahamu huo umewekwa mikononi mwa mhusika msaidizi.

3.0 Nakku Harriet na Nakia: wanaopinga

Dhima ya pili ni upinzani. Queen of Katwe (2016) ya Mira Nair inatupeleka ng'ambo nyingine ya Ziwa Viktoria, katika mtaa wa Katwe jijini Kampala. Phiona Mutesi anajifunza sataranji na kupanda ngazi ya ushindi. Nakku Harriet, mama yake, anauza mahindi na kutafuta kodi ya nyumba. Shaka yake kuhusu mchezo huo ingeweza kusawiriwa kama ujinga wa mzazi. Nyong'o anaiigiza kama hesabu: mama anajua gharama ya tumaini likivunjika. Kwa sababu hiyo, anapoukubali mchezo huo, kukubali kwake kuna uzito.

Katika Black Panther (2018), Nakia anakataa kutulia Wakanda ilhali watu wanateseka nje ya mipaka yake. Mfalme ndiye mhusika mkuu, lakini mwishoni mwa filamu msimamo unaofuatwa, wa kuifungua nchi kwa wahitaji, ni ule aliouanza Nakia. Aidha, katika filamu ya pili (2022), yeye ndiye anayemlea mwana wa mfalme aliyefariki.

4.0 Mipaka ya nafasi

Hata hivyo, kuitukuza nafasi ya msaidizi bila tahadhari ni kosa. Nyong'o alipopokea tuzo ya Oscar mwezi Machi 2014 kwa uigizaji wa Patsey, alikuwa mwanamke mweusi wa sita kuipata katika kundi la waigizaji wasaidizi, tangu Hattie McDaniel mwaka 1940. Katika kundi la waigizaji wakuu wa kike, hadi wakati huo alikuwapo mmoja tu, Halle Berry, mwaka 2002. Takwimu hizi zinaonyesha kwamba usaidizi unaweza kuwa mhimili wa kisanaa na wakati huohuo ukawa uzio wa kibiashara.

Kazi zilizofuata zinaunga mkono hoja hii. Akiwa Maz Kanata katika Star Wars (2015) na Raksha katika The Jungle Book (2016), sauti yake inasikika, ila uso wake umefunikwa na michoro ya kompyuta. Inaweza kujibiwa kwamba sauti nayo ni sanaa. The Wild Robot (2024), ambamo sauti kavu ya mashine inapata upole hatua kwa hatua, ni ushahidi. Lakini huko yeye ndiye mhusika mkuu, na sauti imepewa muda wa kukua.

5.0 Hitimisho

Us (2019) inayakutanisha masuala haya katika mwigizaji mmoja. Nyong'o ni Adelaide, mhusika mkuu, na pia ni Red, kivuli kinachopanda kutoka chini ya ardhi kudai nafasi iliyoporwa. Kufikia mwisho, mtazamaji hana hakika tena ni nani aliyekuwa kivuli cha mwenzake. Mipaka kati ya mkuu na msaidizi, basi, huwekwa na msuko, na mhakiki ana wajibu wa kuihoji badala ya kuirithi. Akina Bi. Kitunda na Mama Kayai wangali wanasubiri kusomwa kwa jicho hilo.