Kabla ya Taji, Kalamu

Huku kwetu Kaptagat, Kenya, watakatifu wa kike hawakosi makao. Jumuiya ndogo ndogo zimechukua majina yao, wasichana wanabatizwa kwa majina hayo hayo, na ukipita sokoni utamsikia Perpetua akimwita Felista aje apokee pesa, na Monica akibishana na Katarina juu ya bei ya viazi. Tunawaomba watuombee. Tunawasifu kwa usafi wa moyo, kwa uvumilivu, kwa damu iliyomwagika. Jambo moja hatuwasifu nalo hata kidogo, nalo ni kwamba baadhi yao walijua kutunga. Mimi nataka kuwasifu kwa hilo, na nitaanza na Perpetua, kwa kuwa ni Mwafrika na kwa kuwa sijaona aliyempiku.

Vibia Perpetua alikuwa na miaka kama 22 alipofungwa mjini Carthage, katika nchi ya leo ya Tunisia. Alikuwa mke wa mtu, mtoto wa ukoo wenye hadhi, na alikuwa bado ananyonyesha. Pamoja naye alikamatwa mjakazi Felisita, mwenye mimba. Waliuawa uwanjani tarehe 7 Machi mwaka 203, mbele ya umati uliokuja kushangilia. Hayo wengi tunayajua. Tusilohubiriwa ni kwamba sehemu ya katikati ya kisa hicho aliiandika Perpetua mwenyewe akiwa gerezani. Mhariri aliyekuja baadaye aliweka utangulizi na kusimulia kifo, lakini humo katikati alikuwa na busara ya kunyamaza na kumwachia mwenye habari aseme.

Na anasema nini? Anaanza na giza, ambalo hajawahi kuliona mfano wake. Anataja joto la watu waliorundikana na askari wanaokamua wafungwa pesa. Mashemasi wawili wanatoa hongo ili wafungwa wapelekwe kwa saa chache mahali penye nafuu, naye anapata nafasi ya kumnyonyesha mtoto aliyekuwa akizimia kwa njaa. Baadaye baba yake anakataa kumrudisha mtoto, na Perpetua anatoa taarifa, kwa utulivu wa mkunga, kwamba mtoto hakutaka tena ziwa wala matiti yake hayakuvimba. Mtungaji mwanamume angeweza kubuni joka. Sidhani angekumbuka matiti.

Joka nalo lipo. Katika njozi anaona ngazi ya shaba inayofika mbinguni, nyembamba kiasi cha kupandwa na mtu mmoja mmoja, kandokando imepachikwa panga, mikuki na kulabu, na chini yake joka limelala. Anakikanyaga kichwa cha joka kama kidato cha kwanza. Huko juu anamkuta mzee mwenye mvi, amevaa kichungaji, anakama kondoo. Mzee anampa tonge la maziwa yaliyoganda. Analipokea kwa mikono iliyounganishwa, analila, na anapoamka bado anatafuna kitu kitamu asichoweza kukipa jina. Wafafanuzi wamelieleza tonge hilo kwa kurasa nyingi. Mkeiyo aliyekulia kwenye sotet, kibuyu cha maziwa, iliyosuguliwa kwa mkaa wa mti wa senetwet anaweza kuziruka kurasa hizo, maana anajua jinsi ladha ya mursik, maziwa yetu yaliyoganda, inavyobaki mdomoni baada ya kikombe kurudishwa, na anajua kwamba mursik hupokewa na mkimbiaji aliyerejea na ushindi. Hapo ndipo ninapomwona fundi. Angeweza kuifunga njozi kwa nyimbo za malaika. Ameifunga kwa utamu kwenye ulimi, mahali ambapo msomaji hana la kubisha.

Siku ya kuamkia kifo anaweka kalamu chini kwa neno fupi: yatakayotokea uwanjani, atakayetaka na ayaandike. Nimesoma miisho mingi ya vitabu. Sikumbuki wenye adabu ya kazi kuliko huo.

Watawa walikinakili kisa hicho karne baada ya karne, wakakipeleka hadi ndani ya Zama za Kati. Lakini wanawake wa Ulaya ya wakati huo walikuwa na shida ambayo Perpetua hakuwa nayo. Mimbari ilikuwa ya wanaume, Kilatini kilikuwa cha wanaume, na maneno ya Mtume Paulo juu ya mwanamke kunyamaza kanisani yalisomwa kama sheria. Mwanamke aliyetaka kufundisha alibaki na njia moja, kusema kwamba ameonyeshwa. Hata hiyo haikuwa na usalama. Marguerite Porete aliandika kitabu juu ya roho inayojiachia kabisa katika upendo wa Mungu, akakatazwa kukisambaza, akaendelea, na tarehe 1 Juni 1310 akachomwa moto mjini Paris. Ndiyo maana ninaposoma maneno ya unyenyekevu yaliyojaa katika vitabu hivi, ya mimi ni mjinga, mimi ni dhaifu, sikimbilii kuyaamini. Mengi ni ngao.

Anayenifundisha zaidi jinsi ya kuivaa ngao hiyo, na jinsi ya kuivua, ni Julian wa Norwich, Uingereza. Mwezi Mei mwaka 1373, akiwa na miaka 30, aliugua hadi akapewa sakramenti za mwisho. Padre akamwinulia msalaba mbele ya macho, na kutoka hapo akapata maono 16. Alipona. Baadaye alijifungia maisha katika chumba kilichojengwa ubavuni mwa kanisa la Mtakatifu Julian, ambalo jina lake ndilo tunalomwita nalo. Maono aliyaandika kwa ufupi kwanza. Kisha akafanya jambo ambalo waandishi wengi hatuna subira nalo: akakaa nayo kiasi cha miaka 20 na kuyaandika upya, na kitabu cha pili kikawa kirefu kuliko cha kwanza mara kadhaa.

Viweke vitabu hivyo viwili sambamba uone kazi ya mikono yake. Katika kile kifupi kuna mahali anapojitetea kwamba yeye ni mwanamke tu, asiye na elimu, na kuuliza kama kwa sababu hiyo asiseme habari za wema wa Mungu. Katika kile kirefu mahali hapo hapapo. Amepafuta. Hakutangaza wala hakugombana na mtu. Alikata mistari, akaendelea na mafundisho yake, miongoni mwayo lile la kumwita Kristo mama yetu.

Alichoongeza kinashangaza zaidi. Kuna ono moja ambalo aliliona tangu 1373 na hakuliweka katika kitabu cha kwanza kwa sababu hakulielewa. Bwana ameketi, mtumishi amesimama mbele yake. Bwana anamtuma, na mtumishi kwa jinsi anavyompenda haondoki kwa hatua, anakimbia. Anaanguka bondeni, anaumia vibaya, na maumivu makubwa kuliko yote ni kwamba hawezi kugeuza shingo aone uso wa bwana wake, ambaye muda wote anamtazama bila hasira. Karibu miaka 20 Julian aliligeuza ono hilo akilini. Aliuliza nguo ya mtumishi ni ya rangi gani na imechakaa wapi, bwana ameketi juu ya nini, amesimama upande gani huyu wa pili. Ndipo akaandika sura ambayo ni moyo wa kitabu kizima.

Inanipendeza kuisoma sura hiyo huku, kwenye mwinuko wa zaidi ya mita 2,000, ambako alfajiri barabara za udongo kandokando ya msitu hujaa watu wanaokimbia. Mtumishi yule sihitaji kueleza alivyoanguka. Na ile kazi ya kurudia jambo moja miaka na miaka, watu wa hapa wanaielewa kuliko sisi wenye kalamu. Eliud Kipchoge, aliyekimbia marathoni huko Vienna kwa saa 1:59:40 tarehe 12 Oktoba 2019, ameishi miaka mingi katika kambi ya Kaptagat chini ya kocha Patrick Sang, akipokezana na wenzake zamu za usafi, na tangu 2003 ameandika mazoezi yake ya kila siku katika madaftari. Watu humiminika kuja kuuliza juu ya viatu. Mimi ningeuliza juu ya madaftari.

Turudi kwa wanawake, maana wengi wao hawakushika kalamu wenyewe. Hildegard wa Bingen, aliyeanza kuandika maono yake mwaka 1141 akiwa na miaka 42, alikuwa na mtawa Volmar wa kumsahihishia Kilatini. Margery Kempe wa mji wa Lynn, Uingereza, alizaa watoto 14, akashindwa katika biashara ya pombe, akahiji hadi Yerusalemu, na akalia kwa sauti kanisani mpaka majirani wakamchoka. Kuandika hakujua. Karani wa kwanza alimwachia makaratasi yasiyosomeka. Padre aliyeombwa kuyanakili alikwepa kazi kwa miaka kabla ya kuianza mwaka 1436. Kitabu kilipokamilika kikapotea, kikaonekana tena mwaka 1934 katika nyumba ya familia moja ya Kiingereza. Kukaa mbele ya karani asiyekuamini, ukamwambia maisha yako kwa mpangilio, ukamsikiliza akikusomea, ukamwambia hapana, sivyo ilivyokuwa: huo nao ni ufundi, na hauna heshima unayostahili.

Majirani zetu wa Ethiopia wanajua hilo tangu zamani. Katika karne ya 15 aliishi Krestos Samra, ambaye monasteri yake iko Gwangut, kando ya Ziwa Tana. Kisa chake kiliandikwa kwa Kigeez, na humo anasikika akisema kwa nafsi ya kwanza. Haanzi kwa kujipamba. Alikuwa mke tajiri mwenye watoto wengi. Siku moja kwa hasira alimtia mjakazi wake kinga cha moto mdomoni, mjakazi akafa. Akamlilia Mungu, mjakazi akafufuka, naye akaacha mali na kuwa mtawa. Kisha anakuja na ombi ambalo sijalikuta kwa mtakatifu mwingine yeyote: anamwomba Mungu amsamehe Shetani, ili wanadamu wapumzike na dhambi. Anaruhusiwa kwenda kumuuliza mwenyewe kama anautaka msamaha. Shetani anamkamata na kumvuta kuzimu, Malaika Mikaeli anamwokoa, naye anatoka huko na umati wa roho. Mwanamke aliyeua kwa moto anakwenda motoni kuombea mkosaji mkubwa kuliko wote. Mtungaji aliyeuweka mwanzo ule na njozi ile katika kisa kimoja alijua anachofanya.

Walatta Petros wa karne ya 17 alipata mwandishi wa namna nyingine. Aliachana na mumewe, jemadari wa Mfalme Susenyos, wakati mfalme huyo alipokuwa akiipeleka nchi kwenye Ukatoliki wa Kirumi. Akahubiri dhidi ya imani hiyo mpya, akafungwa, akapelekwa uhamishoni, na akaanzisha jumuiya saba kabla ya kufa mwaka 1642. (Ndiyo, mtakatifu huyu aliwapinga Wakatoliki, wasomaji wangu wa Jumapili wanisamehe.) Miaka 30 baadaye, mwaka 1672, mtawa Galawdewos aliandika habari zake kwa kuwasikiliza waliomjua, na waliomjua zaidi walikuwa watawa wa kike walioishi naye. Ndiyo maana kitabu kimejaa njaa, maradhi, safari za mitumbwi na ugomvi wa nyumbani, mambo ambayo yasingemfikia mwandishi aliyekaa mbali.

Hata msomaji wa pwani ana wa kwake. Mwana Kupona binti Mshamu hakuwa Mkristo, lakini mwaka 1858, baada ya kuugua mwaka mzima, alimwita binti yake asogee na wino na karatasi, akamtungia utenzi ambao Waswahili bado wanaukariri. Julian angemtambua mara moja.

Baada ya hao wote, navuta vijitabu vya watakatifu vinavyouzwa kwenye milango ya makanisa yetu na nasikitika. Chukua Mwenye Heri Anuarite Nengapeta, sista wa Kongo aliyeuawa Isiro tarehe 1 Desemba 1964 na kutangazwa mwenye heri mwaka 1985. Vijitabu nilivyosoma vinaukimbilia usiku ule wa mwisho kana kwamba aliishi saa chache tu. Alipika nini? Alicheka na nani? Sala ipi ilimshinda? Perpetua alituachia giza, hongo na matiti. Sisi, wenye kalamu za bei rahisi na simu za kurekodia, tunaacha sanamu iliyopakwa chokaa.

Huku Kaptagat kila Jumapili wanawake husimama kutoa ushuhuda: mtoto aliyepona, mume aliyeacha pombe, usiku wa Januari 2008, wakati wa ghasia za baada ya uchaguzi, waliojificha wasijue kama kutakucha. Wapo wanaojua hasa pa kuanzia, pa kusitisha, na neno gani walibakize mwisho. Husimama dakika kumi, watu hupiga makofi, tangazo la harambee hufuata, na maneno yao huishia hapo. Ikiwa kogo wako, yaani bibi yako, ni mmoja wao, kaa naye mwezi huu na daftari. Andika kwa lugha anayosemea. Akirudia jambo, liache lirudiwe. Msomee ulichoandika, na akikwambia sivyo, futa.