Shairi Lisiloimbika
Waulizao kama mashairi ya kisasa yaweza kuwafikia watu wengi, yafaa waanze na Kichomi, kitabu cha marehemu Euphrase Kezilahabi kilichotoka mwaka 1974. Mashairi yake hayakufungwa na vina wala mizani, na washairi wa kale walinena ya kuwa hayo si mashairi kamwe. Neno hilo silishiki. Lugha yake ni nyepesi kuliko ya malenga wengi wa pwani, nao hao husikilizwa na umati. Basi si ugumu wa maneno uwazuiao watu. Kizuizi ni sikio. Mshororo wa kwanza ukiisha kushikwa, kina huuvuta wa pili, na msikilizaji huenda nao nyumbani pasipo kitabu. Ndivyo ngonjera za Mathias Mnyampala zilivyofika vijijini baada ya Azimio la Arusha la 1967, ijapokuwa nyingine, kwa kweli, zilizidi mahubiri. Wanafunzi wangu humsoma Kezilahabi, tena humfahamu vema. Lakini nikiwaambia wafunge kitabu waghani, hunyamaza. Mmoja tu alithubutu, akalitia shairi kiitikio chake mwenyewe. Darasa zima likaitika.