Ilimba ya Zawose na Kinanda cha Kanisani

Waamini wengi wanaijua Bagamoyo kwa misheni iliyofunguliwa na Mapadre wa Roho Mtakatifu mwaka 1868. Mji huohuo una shule nyingine. Mwaka 1981 serikali ilianzisha hapo Chuo cha Sanaa, ambamo vijana hujifunza ngoma, maigizo, muziki na sarakasi. Mmoja wa walimu wake alikuwa Hukwe Zawose, Mgogo kutoka Dodoma, ambaye Mwalimu Nyerere alimwita Dar es Salaam katika miaka ya 1960. Alifariki Bagamoyo mwezi Desemba 2003.

Pengine utauliza, ndugu msomaji, msanii wa jukwaani ana nini cha kuwafundisha waimbaji wa kanisani. Nadhani analo jambo kubwa, nalo limo katika kanda zake mbili.

Ya kwanza ni Chibite, ya mwaka 1996. Humo Zawose anaimba pamoja na jamaa yake Charles, wakitumia ilimba, zeze, filimbi na njuga. Sauti yake hushuka hadi kukwaruza kooni, kisha hupanda juu kama ya mtoto. Ala hazimfuniki. Ya pili ni Assembly, ya mwaka 2002, aliyoirekodi na Michael Brook, mpiga gitaa la umeme kutoka Kanada. Hapa Mgogo anasimama katikati ya magitaa na midundo ya roki.

Wako wanaosema Assembly ni usaliti wa mila. Siwaungi mkono. Gitaa linapomsubiri mzee, likajibu baada yake, muziki unakuwa mazungumzo ya wageni wawili wanaoheshimiana. Udhaifu wake uko kwingine: pale midundo inapojaza kila nafasi, ule mlio mdogo wa vyuma vya ilimba unazama. Chibite inabaki kazi bora zaidi, kwa kuwa ndani yake kimya nacho kimepewa nafasi.

Sasa tugeukie kwaya zetu. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati yake ya liturujia ya mwaka 1963, ulitaka muziki wa asili wa mataifa upewe heshima yake katika ibada. Tangu hapo ngoma na kayamba vimeingia kanisani, na nyimbo zenye mahadhi ya Kigogo zinaimbwa mbali sana na Dodoma. Hiyo ni neema. Lakini kinanda cha umeme kimegawanya sauti katika hatua kumi na mbili zilizo sawa, na ilimba haikutengenezwa kwa kipimo hicho. Baadhi ya sauti zake huangukia kati ya kitufe na kitufe. Mpiga kinanda asiyelijua hilo huinyoosha nyimbo ya Kigogo ili ifuate mashine, halafu tunasema tumeutamadunisha muziki. Maneno yamebaki, njuga zimebaki miguuni, ila sauti yenyewe imeachwa mlangoni.

Siku ya Pentekoste kila mtu alisikia habari njema kwa lugha ya kwao. Roho Mtakatifu hakuwataka kwanza wajifunze lugha moja. Kama tunaamini hivyo kuhusu maneno, tuamini hivyo pia kuhusu sauti. Mungu aliyempa Mgogo koo lake na sikio lake hakukosea kipimo.

Sipendekezi vinanda vitolewe makanisani. Zawose mwenyewe hakulikimbia gitaa. Ninachowaomba walimu wa kwaya ni kwamba, kabla ya kukiwasha kinanda, wamtafute mzee anayeujua wimbo, wausikilize kama anavyouimba, kisha ala imfuate yeye. Na ikiwa haiwezi kumfuata, basi wimbo ule uimbwe bila kinanda. Misa haitapungukiwa kitu.