Mvamizi Kabla ya Mpaka: Uhakiki wa Msamiati wa Migogoro ya Ardhi baina ya Majirani

Makala haya yanahakiki neno moja linalotawala mashauri ya ardhi katika Afrika Mashariki: uvamizi. Hoja yetu ni kwamba neno hilo hutoa hukumu kabla ya baraza kuketi. Jirani aliyelima hatua tatu ng'ambo ya mstari ambao hawajakubaliana huitwa mvamizi, jina lilelile apewalo mwenye silaha avunjaye nyumba usiku. Ilhali hakuna awezaye kuwa mvamizi mpaka ujulikane alichovuka, na mara nyingi hicho ndicho kinachobishaniwa.

Sheria imeitambua tofauti hii kuliko lugha inayoitumikia. Nchini Kenya, kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinaeleza kuwa ramani ya usajili huonyesha mipaka kwa makadirio tu, isipokuwa pale daftari linapoonyesha kwamba mipaka imepimwa na kuthibitishwa. Kifungu hichohicho kinaizuia mahakama kusikiliza mgogoro wa mpaka kabla mpaka huo haujaamuliwa kwa utaratibu wa usajili. Nchini Tanzania, kosa la kuingia kwa jinai katika kifungu cha 299 cha Kanuni ya Adhabu hudai nia mbaya: kutenda kosa, kutisha, kutukana au kuudhi. Aidha, mahakama za nchi hiyo zimekwisha kueleza kuwa umiliki unapobishaniwa, shauri la jinai si mahali pa kuuamua.

Hata hivyo, asemaye "amenivamia" huelekea polisi. Asemaye "hatuelewani mpaka" huelekea barazani. Neno ndilo lichagualo mlango. Aliyekosea mlango hupoteza ada, nauli na misimu ya kilimo, kisha hurudishwa alikoanzia, huku ujirani umekwisha kuharibika.

Yawezekana kujibiwa kwamba uvamizi wa kweli upo, na kwamba kulilegeza neno ni kuwanyima ulinzi wanyonge wanaoporwa mashamba. Jibu letu ni kwamba neno linalotumiwa kwa kila kosa halimlindi yeyote. Likihifadhiwa kwa uporaji, litarudishiwa uzito wake.

Jamii zetu zina hazina ya kuchotea. Uchagani, sale huoteshwa mpakani, na jani lake ndilo lipelekwalo kuomba msamaha: mmea mmoja hutenga na kupatanisha. Rwanda, ambako Kiswahili ni lugha rasmi tangu 2017, kuna abunzi, yaani wapatanishi, ambao jina lao hutaja kazi ya kupatanisha badala ya kosa.

Tunapendekeza madaraja matatu. Mstari usipojulikana, fomu iseme "mgogoro wa mpaka". Ukijulikana na kuvukwa bila nia mbaya, iseme "kuvuka mpaka". "Uvamizi" ubaki kwa aingiaye kwa kusudi au nguvu, akijua ardhi si yake.

Pendekezo hili lina haraka yake. Mwaka 2021 Tanzania ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama. Mwaka huohuo mabaraza ya kata yaliondolewa mamlaka ya kuamua migogoro ya ardhi, yakabakiwa na usuluhishi. Msuluhishi hana amri wala adhabu. Chombo chake ni maneno. Akifungua kikao kwa kusoma lalamiko linalomwita mmoja mvamizi, amekwisha kupoteza nusu ya kazi yake. Wanaotunga fomu na kamusi za sheria za kanda hii waanzie hapo.