New York, 1792: Masanduku Yaliyofika Yasifunguliwe

Juni 1792 George Clinton alitangazwa tena kuwa gavana wa New York kwa kura 8,440. Mpinzani wake John Jay, Jaji Mkuu wa kwanza wa Marekani, alipewa 8,332. Tofauti ni kura 108 tu. Katika hesabu hiyo hamna hata kura moja kutoka kaunti tatu za Otsego, Tioga na Clinton, ingawa watu wa huko walipiga kura mwezi Aprili kama wenzao, na masanduku yao yakafika. Hakuna aliyehitaji kuiba kura. Sheria yenyewe ilitosha kuziweka kando, na ndiyo maana uchaguzi huu unastahili kuchambuliwa hatua kwa hatua.

Waliokuwa na haki ya kumchagua gavana walikuwa wachache: wanaume wenye ardhi yao wenyewe ya thamani ya pauni 100. Walipiga kura kwa karatasi, lakini wasimamizi wa kituo hawakuzihesabu. Walizifunga, wakazitia lakiri, wakamkabidhi sherifu wa kaunti. Sherifu alitakiwa azipeleke kwa Katibu wa Jimbo, yeye mwenyewe au kwa mkono wa naibu wake. Huko kamati ya wabunge 12, sita kutoka kila chumba cha Bunge, ilifungua masanduku na kuhesabu jimbo zima kwa pamoja. Uamuzi wa wengi ndani ya kamati ulikuwa wa mwisho, na hesabu ikiisha kura ziliteketezwa.

Utaratibu huo ulikuwa na faida yake, kwani kituo kisipotoa matokeo, mwenye mashamba hawezi kujua wapangaji wake walimpa nani. Gharama yake ilikuwa kubwa zaidi. Hakuna nakala ya matokeo iliyobaki kijijini, basi sanduku likikataliwa mwishoni mwa safari, kura zilizomo zinakufa nalo. Maelfu ya sauti yalining'inia kwenye uhalali wa mtu mmoja aliyelibeba sanduku.

Tioga, naibu aliyetumwa na sherifu aliugua njiani, akampa mtu mwingine sanduku alimalizie safari. Kaunti ya Clinton, iliyopewa jina la gavana mwenyewe, sherifu alimtuma mtu bila kumwandikia hati ya unaibu. Hizo zilikuwa kasoro ndogo. Mzozo wenyewe ulikuwa Otsego, ngome ya Jaji William Cooper, mwanzilishi wa Cooperstown, aliyempigia Jay kampeni kwa nguvu zote, hata akashutumiwa kuwatisha wapiga kura. Iliaminika kwamba Jay alikuwa na ziada ya kura 400 hivi huko. Zikihesabiwa, Clinton ameanguka.

Sherifu wa Otsego, Richard R. Smith, muda wake wa mwaka mmoja ulikwisha Februari. Mrithi wake, Benjamin Gilbert, aliteuliwa mwishoni mwa Machi, lakini hakuapishwa hadi Mei. Kati ya Februari na Mei Smith aliendelea na kazi, akapokea kura na kuzituma. Je, alikuwa sherifu au hakuwa?

Kamati ilipogawanyika iliwaomba ushauri maseneta wawili wa New York katika Bunge la Marekani. Rufus King alisema anayetenda kazi ya ofisi hadharani, na watu wakamtambua, matendo yake yana nguvu hata kama hati yake ina dosari. Aaron Burr alisema ofisi iliyokwisha muda haina mwenyewe, hivyo kura za Otsego zikataliwe. Wengi wa kamati, wafuasi wa Clinton, walizikataa zote tatu, hata za kaunti ya Clinton ambazo Burr mwenyewe aliona zinafaa.

Kwa maandishi matupu ya sheria, Burr alikuwa na hoja. Kwa haki, King ndiye aliyesema kweli. Sharti la kukabidhiwa sherifu liliwekwa ili kura zisichezewe, na ubishi uliokuwa mezani ulihusu cheo cha Smith, si usalama wa kura alizotuma. Mpiga kura wa Otsego hakuwa na uwezo wa kumwapisha Gilbert mapema. Tena masherifu waliteuliwa na Baraza la Uteuzi, maseneta wanne wa jimbo chini ya uenyekiti wa gavana. Pengo lililozaa kasoro lilitokea katika ofisi ambazo Clinton mwenyewe alikuwa na mkono wa kuzijaza, na faida ya pengo hilo ikamwendea yeye. Adhabu ya uzembe wa maofisa ilitua kwa wananchi.

Hasira ilienea. Jay, aliyekuwa safarini kwa kazi ya mahakama, alirudi akapokewa na umati uliomwita gavana halali, lakini akawasihi watu watulie. Bunge la jimbo lilichunguza suala hilo, kisha likaitetea kamati. Clinton alimaliza muhula wake na mwaka 1795 hakugombea. Mwaka huo Jay alichaguliwa gavana akiwa hata hajarudi nchini kutoka London, alikokwenda kujadili mkataba na Uingereza. Kura za Otsego zilikwisha kuteketezwa, kwa hiyo hesabu kamili ya 1792 haitapatikana kamwe.