John Hopkins na chumba cha mahojiano

BBC ilipoanza kurusha Z-Cars, tarehe 2 Januari 1962, jina lenyewe liliahidi magari ya polisi. Magari yalikuwepo, lakini mara nyingi yalikaa studio bila kwenda popote, barabara ikipita kwenye filamu nyuma ya kioo. Tamthilia ilirushwa mubashara: mwigizaji akisahau maneno, taifa zima linamwona akiyatafuta.

Hali hiyo ilimbana mwandishi. Askari anayetoka kituoni na kutakiwa kuonekana ndani ya gari anahitaji muda wa kukimbia kutoka pembe moja ya studio hadi nyingine, kwa hiyo lazima wenzake wawili wawe wanazungumza mahali pengine hadi afike, aketi, avute pumzi. Mwandishi wa kawaida huyajaza mapengo hayo kwa porojo. John Hopkins, aliyeandika zaidi ya sehemu 50 za tamthilia hii iliyobuniwa na Troy Kennedy Martin, alihamishia kisa humo humo. Watu wawili, meza moja, swali ambalo mmoja hataki kulijibu: hakuna gari linalohitajika.

Hopkins alikuwa pia mhariri wa miswada wa Z-Cars kwa kipindi fulani. Kazi hiyo haionekani kwenye skrini, nami naiheshimu sana. Waandishi hubadilika, lakini Inspekta Barlow wa wiki hii lazima awe yule yule wa wiki iliyopita, mkali kwa kiwango kile kile, na mwenzake Watt awe karibu naye akiupoza ukali huo. Anayesoma miswada ya wenzake kwa jicho hilo hujifunza mhusika anavunjikia wapi.

Mwaka 1966 alilitoa funzo hilo nje ya kituo cha polisi. Talking to a Stranger ni michezo minne ya televisheni kuhusu wikiendi moja ya familia moja. Binti, baba, mwana na mama, kila mmoja ana mchezo wake. Tukio lile lile linarudi, na kila linaporudi tunagundua kwamba shahidi aliyetangulia alikuwa ameficha jambo, pengine bila kujijua.

Kisha akarudi kwa polisi. Katika This Story of Yours, mchezo wa jukwaani wa 1968, Sajini Johnson amempiga mtuhumiwa hadi kufa. Tendo la kwanza yuko nyumbani na mkewe. La pili, mkubwa wake anamhoji. La tatu ndipo tunaingia chumbani alimofia yule mtu. Mpangilio huu ndio ufundi wenyewe. Kama Hopkins angeanza na kipigo, tungebaki kuuliza kama Johnson ataadhibiwa. Kwa kukichelewesha, anatulazimisha kusikiliza jinsi mtuhumiwa anavyomsoma mhoji wake, mpaka haijulikani tena nani anahojiwa. Sidney Lumet aliutengenezea filamu, The Offence, na Sean Connery akamcheza Johnson.

Mwaka 1982 Hopkins alishirikiana na John le Carré kuigeuza riwaya ya Smiley's People kuwa tamthilia ya BBC. Kisa ni cha le Carré, lakini tazama Alec Guinness, akiwa jasusi Smiley, anavyomhoji mwanadiplomasia wa Kisovieti Grigoriev huko Uswisi: hapandishi sauti wala hapigi meza. Anauliza kama karani anayejaza fomu, na Mrusi yule anajimaliza mwenyewe.