Baba, kaka na milimita mbili na nusu

Msomaji mzoefu wa nukta nundu, maandishi ya wasioona, hakandamizi karatasi. Anayeanza ndiye hubonyeza, akidhani nguvu itamfunulia herufi, kumbe nyama ya kidole inabanwa na nukta zote zinamjia kama uvimbe mmoja. Mzoefu anapapasa kwa wepesi, na kidole chake hakitulii juu ya herufi. Kinateleza kuelekea kulia bila kukatika, kwa sababu ngozi huzipata nukta vizuri zaidi inapopita juu yake.

Chukua maneno mawili, baba na kaka. Herufi a ni nukta moja, juu kushoto. Herufi b ni hiyo hiyo na nyingine chini yake. Herufi k pia ina nukta mbili kwenye safu ile ile, ila ya pili imeshuka hatua moja zaidi. Hatua hiyo ni kama milimita 2.5, na nundu yenyewe ina kimo cha nusu milimita hivi. Kwa tofauti hiyo tu, kidole kinamjua baba na kinamjua kaka, nacho hakijapunguza mwendo.

Mwaka 1834, Ernst Heinrich Weber wa Leipzig alichapisha vipimo alivyovifanya kwa kugusa watu kwa ncha mbili za bikari. Mgongoni, ncha zilizoachana sentimita 3 zinaweza kuhisiwa kama moja. Kwenye ncha ya kidole cha shahada, milimita 2 hivi zinatosha kuzitenganisha, maana vipokezi vya mguso vimesongamana pale, na ubongo umevitengea vidole eneo kubwa kuliko mgongo wote.

Ninachokistaajabia ni kwamba Louis Braille, aliyebuni nukta nundu, alikuwa ameshalifikia jambo hilo kwa mikono yake. Alipofuka utotoni, baada ya kujichoma jicho kwa chombo chenye ncha kali katika karakana ya baba yake, fundi wa matandiko ya farasi. Shuleni Paris alikutana na mfumo wa maandishi wa Charles Barbier wenye nukta 12, mrefu mno kwa kidole: ilibidi kipande na kushuka ndipo kimalize alama moja. Kufikia 1824, akiwa na miaka 15, Braille alikuwa amezipunguza hadi 6, zikaenea chini ya ncha moja ya kidole. Angezisogeza karibu zaidi, ngozi ingezichanganya.

Kuandika kwa kibao na kalamu ya kutobolea kunadai ustadi mwingine. Nundu huchomoza upande wa pili wa karatasi, hivyo mwandishi huanzia kulia na kuigeuza kila herufi kinyume, nukta kwa nukta. Akimaliza anaichomoa karatasi, anaipindua, na kidole kinaanza kuhakiki kutoka kushoto.